Gauni Kwanza au Ukumbi Kwanza? Ubishi wa Mabibi Harusi Ulianzia Mbali

Binti akishavishwa pete tu, siku mbili hazipiti, simu yake imeshajaa picha za magauni. Wengine wanaenda mbali zaidi, wanatoa advansi ya shela kabla kamati haijakaa hata kikao kimoja. Mama mzazi akisikia anashika kichwa. Shangazi anasema gauni ni jambo la mwisho, kwanza mahari iishe, tarehe ijulikane, ukumbi upatikane. Binti naye ana hoja yake: gauni ndilo linaloamua harusi iwe ya aina gani, mapambo yatafuata hapo, keki itafuata hapo, mpaka sare.

Nani yuko sahihi? Ukirudi nyuma kwenye historia ya harusi utakuta pande zote mbili zimewahi kuwa sahihi, ila si kwa wakati mmoja. Kuna zama ambazo kutanguliza gauni ilikuwa ndiyo akili, na kuna zama ambazo aliyetanguliza gauni alijitafutia presha. Tofauti ilikuwa ni kitu gani kilikuwa kigumu kupatikana. Kitambaa kikiwa adimu, watu walianza na kitambaa. Siku na mahali vikiwa adimu, walianza na siku na mahali.

Kwanza ieleweke kwamba kwa miaka mingi sana swali lenyewe halikuwepo. Huko Ulaya, ambako hili gauni jeupe lilitokea, msichana wa kawaida aliolewa na nguo yake nzuri kuliko zote. Basi. Inaweza kuwa ya bluu, ya kahawia, nyekundu, hata nyeusi, ilimradi ni nzuri. Baada ya harusi aliendelea kuivaa kanisani, kwenye ubatizo, kwenye sherehe za watu, mpaka ichakae. Nguo nyeupe ilikuwa hasara tupu. Barabara za matope, moshi wa makaa kila nyumba, kufua ni kwa mkono, nani anunue nguo ya kuvaa siku moja halafu iharibike?

Matajiri nao hawakuhangaika na nyeupe, wao walitaka kitu cha kuonyesha mfuko. Binti wa kifalme wa Uingereza aliyeolewa tarehe 2 Mei 1816 alivaa gauni lililometameta nyuzi za fedha. Walikuwepo wachache waliovaa nyeupe, lakini walikuwa wa kuhesabika. Malkia kijana wa Scotland aliolewa na mrithi wa kiti cha Ufaransa mwaka 1558, pale Notre-Dame, Paris, akiwa na nguo nyeupe, wakati kwenye familia ya kifalme ya Ufaransa nyeupe ilikuwa rangi ya msiba. Mumewe alifariki miaka miwili baadaye. Ingekuwa mjini hapa, watu wangesema walionya.

Mambo yaligeuka tarehe 10 Februari 1840, siku ambayo Malkia Victoria wa Uingereza aliolewa. Yeye ndiye aliyetoa posa, tarehe 15 Oktoba 1839, maana hakuna mwanaume aliyekuwa na ubavu wa kumposa malkia aliye kwenye kiti. Kutoka posa mpaka ndoa hata miezi minne haikutimia. Na kwenye gauni lake, jambo lililobeba uzito lilikuwa lesi.

Wakati huo mashine zilikuwa zimeanza kutengeneza lesi kwa bei chee, na wanawake waliokuwa wakiisuka kwa mkono walikuwa wanakosa mkate. Malkia akaagiza lesi ya mkono ya aina ya Honiton, iliyosukwa kule Devon, kusini magharibi mwa Uingereza, na satini ya gauni ikafumwa Spitalfields, London, kwa mafundi wa nyumbani. Wanahistoria wengi wanaeleza kwamba nyeupe ilifaa kwa sababu ilikuwa inaionyesha lesi vizuri. Kwa maneno mengine, ile rangi inayoonekana leo kama amri kutoka mbinguni ilitokana kwa sehemu kubwa na kuwapigia debe mafundi wa lesi. Kichwani hakuvaa taji. Alivaa maua ya mchungwa.

Na hakuitupa. Lesi ile aliivaa tena na tena kwenye shughuli za familia kwa miaka mingi, na alipofariki mwaka 1901 alizikwa na shela yake ya harusi. Huyo ni malkia mwenye himaya nzima. Siku hizi mtu anaogopa kupigwa picha na gauni moja la send-off mara mbili.

Nyeupe haikuenea kwa haraka kama watu wanavyodhani. Maskini wa Ulaya na Marekani waliendelea kuolewa na nguo zao za Jumapili kwa miongo mingi baada ya hapo. Lakini kadiri gauni lilivyozidi kuwa nguo ya siku moja, nguo ambayo huwezi kwenda nayo sokoni wala ibadani, ndivyo swali lilivyoanza kuwa na maana. Nguo ya siku moja ni lazima ipangiwe siku. Ukiwa na nguo yako nzuri kabatini, mchungaji akisema harusi ni Jumanne ijayo, unasema sawa. Ukiwa unasubiri lesi, huwezi kusema sawa.

Halafu ikaja Vita ya Pili ya Dunia, na mpangilio wote ukageuka juu chini.

Uingereza ilianza kugawa nguo kwa kuponi tarehe 1 Juni 1941, na mgao huo haukwisha mpaka mwaka 1949. Kila mtu alikuwa na idadi yake ya kuponi kwa mwaka, na gauni la harusi lingeweza kuzimaliza zote, bibi harusi akabaki hana kuponi ya viatu wala koti la baridi. Juu ya hapo, mchumba yuko jeshini. Likizo inatoka ghafla, siku chache tu, anarudi leo na wiki ijayo anaondoka tena, na hakuna anayejua kama atarudi. Tarehe ya ndoa haikupangwa na familia, ilipangwa na kamanda.

Hapo mwanamke aliyesubiri tarehe ndipo atafute gauni alikuwa amechelewa. Wenye akili walianza kutafuta mapema: dada anachangia kuponi, shangazi anatoa gauni la mwaka 1930 lirekebishwe, jirani anaazima la binti yake. Barbara Cartland, yule mwandishi wa riwaya za mapenzi, alikusanya magauni ya harusi ya kuazimisha wanawake waliokuwa kwenye vikosi vya jeshi. Gauni moja lilipita kwa mabibi harusi kibao. Walichokifanya ni kile kile kinachofanywa na maduka ya kukodisha shela leo, tofauti ni kwamba wao walisukumwa na vita.

Kuna kisa kimoja cha wakati huo ambacho kila anayetetea "gauni kwanza" angepaswa kukijua. Mwezi Agosti 1944, rubani mmoja wa Marekani alikuwa anarudi kutoka kushambulia Japani, injini ya ndege ikashika moto, yeye na wenzake wakaruka kwa parachuti huko China. Parachuti ilimwokoa wakati wa kuruka, na usiku ule wakisubiri msaada aliifanya mto na blanketi. Vita ilipoisha alirudi nayo nyumbani, Pennsylvania. Alipomtaka msichana wake waoane, alimpa ile parachuti na kumwambia ashone gauni.

Fikiria unapokea posa, na badala ya pete kwenye kisanduku unapewa furushi la nailoni. Msichana alikubali. Sehemu ya juu na shela alishonewa na fundi wa jirani, sketi akaishona mwenyewe kwa kutumia kamba zile zile za parachuti kuvutia kitambaa, mbele kikawa kifupi na nyuma kikatengeneza mkia. Waliolewa tarehe 19 Julai 1947. Binti yao naye akaja kulivaa, na mke wa mtoto wao wa kiume akalivaa pia. Sasa gauni hilo lipo kwenye makumbusho ya Smithsonian, Washington. Kwenye ndoa hiyo kitambaa kilikuja pamoja na posa, na mipango mingine yote ikafuata nyuma yake.

Kisa cha pili ni kizito zaidi. Januari 1946, Ujerumani, kwenye kambi ya wakimbizi iliyokuwa Bergen-Belsen, karibu na pale ambapo Wanazi walikuwa na kambi ya mateso. Kulikuwa na msichana Myahudi aliyenusurika, wazazi wake wameuawa, hana nyumba wala sanduku la nguo. Alipochumbiwa alisema kitu kimoja tu: anataka gauni jeupe. Hakuna ukumbi, hakuna kamati, hata chakula ni cha mgao, lakini gauni liwepo. Mchumba wake alimpata aliyekuwa rubani wa Kijerumani mwenye parachuti isiyo na kazi, wakabadilishana kwa kahawa na sigara. Fundi mmoja wa pale kambini akashona, na masalio ya kitambaa yakatosha shati la bwana harusi.

Baada ya harusi yake lile gauni halikukaa. Dada yake alilivaa, kisha binamu yake, kisha wanawake wengine wa kambini, mmoja baada ya mwingine. Inatajwa kwamba mabibi harusi 17 walilivaa. Mtu akisema kwamba kuwaza gauni mapema ni ujinga wa wasichana, kisa hiki kinamjibu. Kwa watu walionyang'anywa kila kitu, gauni lilikuwa njia ya kusema bado sisi ni watu, na maisha yanaendelea. Ilibidi litangulie, maana bila hilo harusi yenyewe isingekuwa na ladha ya harusi.

Mwaka ule ule wa 1947, miezi michache baada ya harusi ya parachuti, London kulikuwa na harusi ya upande wa pili kabisa. Binti wa mfalme, ambaye baadaye alikuwa Malkia Elizabeth wa Pili, aliolewa Westminster Abbey tarehe 20 Novemba. Uchumba ulitangazwa Julai, na mchoro wa gauni ukapitishwa katikati ya Agosti. Yaani mahali panajulikana, fundi anajua urefu wa njia ya katikati ya kanisa, ndipo penseli inagusa karatasi. Fundi alikuwa Norman Hartnell, na lulu ndogondogo 10,000 zililetwa kutoka Marekani.

Lakini hata pale kitambaa kilisumbua. Binti wa mfalme naye alihitaji kuponi, na serikali ikampa za ziada. Wanawake wa kawaida wakaanza kumtumia kuponi zao kwa posta, wengine wakiwa hawana hata nguo ya maana, na zote zikarudishwa kwa sababu kumpa mtu mwingine kuponi yako lilikuwa kosa kisheria. Ikazuka na hoja ya hariri: minyoo iliyoitoa ni ya nchi gani? Kama ni ya Italia au Japani, nchi zilizokuwa maadui majuzi tu, itakuwa aibu. Hartnell akajieleza kwamba minyoo ilikuwa ya China. Watu walihoji uraia wa mnyoo, jamani.

Na pamoja na mipango yote hiyo, asubuhi ya harusi taji lilivunjika likakimbizwa kwa sonara, na shada la maua likapotea kwa muda, kumbe lilikuwa limehifadhiwa kwenye kabati la baridi. Ndiyo shughuli hizo.

Mpaka hapa unaweza kusema sawa, nchi ikiwa na amani na tarehe ikishajulikana, gauni lifuate. Ni kweli, lakini lifuate kwa umbali gani? Hilo linajibiwa na harusi ya Newport, Rhode Island, Marekani, tarehe 12 Septemba 1953. Bwana harusi ni seneta kijana aliyekuja kuwa Rais John F. Kennedy. Wageni zaidi ya 800 kanisani, na zaidi ya 1,000 kwenye tafrija. Gauni la bibi harusi lilichukua kama yadi 50 za tafeta ya hariri, na kulishona kulichukua miezi miwili.

Aliyelishona ni Ann Lowe, mwanamke Mmarekani mweusi, kitukuu wa watumwa, aliyejifunza cherehani kwa mama na bibi yake kule Alabama. Zikiwa zimebaki siku kama 10, bomba la maji likapasuka kwenye karakana yake New York. Gauni la bibi harusi likaharibika, pamoja na mengi ya wapambe. Mtu mwingine angepiga simu analia. Yeye alinunua kitambaa upya kwa hela yake, akaongeza mafundi, wakashona usiku na mchana. Kazi ya miezi miwili ikarudiwa kwa siku chache. Badala ya faida akapata hasara ya dola kama 2,200, hela ndefu sana kwa wakati ule, na familia ya bibi harusi hakuiambia.

Inasimuliwa kwamba alipoyapeleka magauni Newport, mlangoni aliambiwa apite mlango wa nyuma wa wafanyakazi. Akajibu kwamba kama hapiti mbele, magauni anarudi nayo. Akapita mbele. Picha za ile harusi zilizunguka dunia nzima, magazeti yakaandika urefu wa shela, aina ya kitambaa, idadi ya wageni. Jina la fundi halikuandikwa. Kila anayesimulia harusi hiyo humtaja bibi harusi na bwana harusi, wakati mtu aliyeiokoa shughuli alikuwa karakana kwa wiki nzima akishona upya.

Sasa ukisema "nitatafuta gauni wiki mbili kabla, yapo mengi tu", kumbuka kwamba kulikuwa na familia yenye hela zote za dunia, na bado wiki mbili zilitosha tu kwa sababu fundi alikuwa Ann Lowe.

Halafu kuna London, 29 Julai 1981. Hii kila mtu ameiona, hata waliozaliwa baadaye sana wameiona kwenye video. Lady Diana anashuka kwenye gari la farasi mbele ya Kanisa la St Paul's na gauni linatoka kama halitaisha. Mkia wake ulikuwa futi 25, karibu mita 7 na nusu. Wabunifu walikuwa mume na mke vijana, David na Elizabeth Emanuel, na walifanya hesabu inayoeleweka: St Paul's ni kanisa kubwa sana, njia yake ya katikati ni ndefu, gauni la kawaida lingemezwa. Kwa hiyo mahali ndipo palipochagua gauni, kama shangazi anavyotaka.

Kosa likawa kwenye usafiri. Walipima kanisa, hawakupima gari la farasi. Lilikuwa dogo, na ndani mle alikuwa akae bibi harusi pamoja na baba yake, ambaye alikuwa mtu wa mwili. Walipogundua walikuwa wamechelewa. Mazoezi ya kulikunja yalifanyika, lakini tafeta ikishakunjwa haisamehe, na alipotoka nje mbele ya watu wapatao milioni 750 waliokuwa wanatazama kwenye televisheni, gauni lilikuwa na mikunjo iliyoonekana wazi. Isitoshe, kiuno chake kilikuwa kinapungua kila alipokuja kupimwa, kwa hiyo mafundi walikuwa wanapunguza gauni mpaka mwishoni. Mabinti wanaonunua gauni miezi 9 kabla ya harusi wakiamini mwili hautabadilika, hapo pana la kujifunza.

Hayo ni ya Ulaya na Marekani, na gauni jeupe ni la huko. Pwani ya Afrika Mashariki ilikuwa na utaratibu wake kabla shela haijafika kupitia makanisa ya wamisionari, na utaratibu huo ulimaliza ubishi kwa namna ya kipekee: bibi harusi hakuwa na kazi ya kuchagua.

Kanga ilishika kasi kwenye miji ya Pwani katika nusu ya pili ya karne ya 19, na kati ya kanga zote kuna moja iliyokuwa na heshima yake, kisutu. Rangi ni zile zile, nyekundu, nyeusi na nyeupe, na mchoro ni ule ule, toka kwa bibi mpaka mjukuu. Kisutu ndiyo kanga ya bibi harusi. Haipitwi na fasheni, haihitaji vipimo, na akinenepa au akikonda inamtosha. Nguo zilikuwa sehemu ya makubaliano ya familia mbili: mahari inaongelewa, na upande wa mume unapeleka nguo za bibi harusi pamoja na manukato na vitu vyake vingine. Gauni lipi na lini halikuwa swali, maana nguo ilikuja ndani ya mpango wenyewe.

Na kwa ndoa za Kiislamu za Pwani, nikaha inafungwa kati ya bwana harusi na walii wa mke, mara nyingi msikitini na wanaume, bibi harusi akiwa nyumbani. Hivyo nguo yake ya kupambwa ilikuwa ni ya macho ya wanawake wenzake, na siku yake ya kutolewa ukumbini ilipangwa na wanawake wenyewe. Ndiyo maana mpaka leo Zanzibar, Tanga na Mombasa bibi harusi anaweza kuwa na nguo tatu au nne kwa shughuli moja, kila siku na yake. Mtu wa namna hiyo ukimuuliza "gauni kwanza au mipango kwanza" atakuuliza gauni lipi.

Kwa Tanzania nzima, kuna kipindi ambacho wazazi wa vijana wa leo wanakikumbuka vizuri na hawapendi kukizungumzia. Kati ya mwishoni mwa miaka ya 1970 na katikati ya 1980, baada ya Vita ya Kagera, madukani hakukuwa na kitu. Sukari, sabuni, mafuta, nguo, vyote kwa foleni. Mitumba ilikuwa haijaruhusiwa, na kupata doti ya kanga ilikuwa habari ya mtaa mzima. Bibi harusi wa miaka hiyo aliolewa na gauni la kuazima, au la ndugu aliyekuwa nje ya nchi, au kitambaa kilichopatikana kwa kujuana. Mama anayeshika kichwa leo akisikia binti ametoa advansi ya shela, mwenyewe huenda alianza na gauni. Likipatikana la kuazima unalichukua, tarehe itajulikana mbele ya safari. Ni ile ile ya London mwaka 1943, ila hapa mvua ni nyingi na mchele ni wa mgao.

Mwaka 1984 serikali ikalegeza, watu wakaruhusiwa kuingiza bidhaa kwa fedha zao wenyewe. Mitumba ikaingia, na ndani ya marobota kukawa na magauni ya harusi ya Wazungu. Baadaye wafanyabiashara wa Kariakoo wakaifuata China wenyewe. Leo shela zipo za kununua, za kukodi, za kushonesha, za bei ya juu na za bei ya kawaida. Gauni si adimu tena.

Kilichogeuka adimu ni Jumamosi. Wakatoliki wengi hawafungi ndoa wakati wa Kwaresma, Waislamu hawafanyi shughuli Ramadhani, kwa hiyo harusi zote zinasukumana baada ya Pasaka, baada ya Idi na kuelekea Desemba. Sheria ya Ndoa ya mwaka 1971 inataka taarifa ya kusudio la ndoa itolewe siku 21 kabla, kanisani kuna matangazo, na ukumbi mzuri wenye maegesho unawaniwa na familia nyingi kwa siku moja. Halafu hela ya kamati ni ahadi, na ahadi zina tabia zake. Tarehe ikisogezwa kwa sababu michango haijatimia, aliyekodi shela kwa tarehe ya kwanza anakuta siku ya pili imeshachukuliwa na mwingine, na advansi hairudi. Wengine wananunua gauni la mabega wazi kisha paroko anasema humo ndani hawaingii hivyo, inaanza kazi ya kutafuta koti la lesi. Kwa hali ya sasa, shangazi ana pointi.

Ila si kwa kila mtu. Mwenye mwili mkubwa akienda madukani anakuta saizi zake ni mbili tatu tu, na anayetaka gauni la stara lililofunika vizuri bila kuonekana kama kanzu naye anahangaika. Anayeagiza kutoka nje anahesabu wiki za meli au ndege na za bandarini. Kwa hao gauni bado ni adimu, na wakianza nalo hawajakosea.

Na kuna jambo moja ambalo shangazi huwa halioni. Kibongobongo, kamati ikishaundwa, harusi inakuwa ya kamati. Mwenyekiti anachagua ukumbi, mhazini anachagua chakula, baba mdogo anamjua MC, mama mkwe ana rangi zake za sare. Binti mwenyewe anaitwa kujulishwa. Gauni ndilo jambo pekee ambalo halihitaji kikao wala kupigiwa kura. Anapolikimbilia kabla ya yote, mara nyingi anakimbilia kupata sehemu moja ya harusi iliyo yake kabla watu hawajaanza kugawana zilizobaki. Familia inayotaka bibi harusi asubiri tarehe ndipo achague gauni, ingemwita na yeye kwenye kikao kinachopanga tarehe.

Mafundi cherehani wa mjini wanalijua hili siku nyingi. Binti akiingia na picha yake kwenye simu, fundi mzoefu haanzi na futikamba. Anamuuliza kwanza ni lini, kanisa gani, ukumbi una ngazi au hauna, na gari la kumbeba ni la aina gani. Akikosa majibu, anachukua namba ya simu, anamwambia atafute kitambaa taratibu, na vipimo aje navyo mwezi mmoja kabla.